Kifungo Kimoja cha Ziada

Jumatatu, 3 Machi

Jumamosi jukwaa la maktaba linachagua mwenyekiti. Wagombea wawili: mimi, na shemeji yangu, mdogo wa mke wangu, mwalimu wa fizikia. Kila mmoja ajibu swali moja: kwa nini ulimwengu una maada tele na kinzamaada kiduchu? Fizikia niliiacha kidato cha pili. Yenyewe ilikuwa imeshaniacha kidato cha kwanza. Si kitu. Nimeshinda mabishano mangapi bila kujua lolote!

Jumatano, 5 Machi

Nimesoma kitabu kizima, yaani utangulizi. Mwanzoni maada na kinzamaada, pacha wake wa kinyume, vilizaliwa sawa kwa sawa. Vikigusana, vyote huteketea, hubaki mwanga. Hata hivyo maada kidogo ilisalia. Ndiyo sisi. Wataalamu wanakiri hawajui kwa nini. Woga mtupu! Mimi najua: ubishi. Maada ilikataa kufa. Nikampigia shemeji kumtambia. Akacheka, akasema kwa hoja hiyo mimi nitaishi milele. Nimeipokea kama sifa.

Ijumaa, 7 Machi

Mbinu! Mke wangu ni fundi cherehani. Nimechota koponi mwake vifungo sitini vyeupe na sitini na kimoja vyeusi, nikavitia mifukoni mwa koti, kila rangi mfuko wake. Vyeusi ni maada, vyeupe kinzamaada. Nitavitoa viwili viwili, cheupe na cheusi, mbele ya watu, cheusi cha mwisho kibaki peke yake. Watalia! Mke wangu kasema, baba, kesho vihesabu tena. Nani, mimi? Nilishahesabu.

Jumamosi, 8 Machi

Jozi ya sitini ikatoka. Nikazamisha mkono, nikauinua bila kutazama, nikanguruma: "Hiki ndicho sisi!"

Vidole vitupu.

Mke wangu, safu ya mbele, akaungama: gauni la mteja lilipungukiwa kifungo kimoja cheusi, naye alidhani sitagundua. Kweli, sikugundua. Shemeji akasimama kunitetea. Akasema kwa hesabu zilizopo ndivyo ilivyopaswa kuwa, pasibaki kitu. Fumbo ni kwa nini tumebaki, tena na shemeji wa kumcheka. Ukumbi ukaangua kicheko. Kura thelathini na nane kwake. Mimi mbili. Ya kwanza nilijipigia. Ya pili mke wangu anaikana.

Jumapili, 9 Machi

Shemeji ana roho safi: kaniteua makamu. Sharti lake, mkutano ujao nizungumze dakika kumi juu ya faida za kusikiliza wenzetu. Nimeandika tangu asubuhi. Kurasa ishirini na mbili, moto mtupu! Muda wa maswali nimeufuta.