Noti ya Mtaa Yenye Sura Yangu

Mheshimiwa mimi mwenyewe, Mwenyekiti wa Kamati ya Fedha ya Mtaa; mheshimiwa makamu wangu, ambaye kwa bahati tu ni shemeji yangu; mheshimiwa katibu, ambaye bado yuko njiani; waheshimiwa wajumbe mliokaa kivulini; na ninyi wenye biashara ndogo mliosimama juani, itifaki imezingatiwa. (Makofi kutoka kivulini.)

Ndugu zangu, leo tunazindua fedha yetu wenyewe, noti itakayotumika katika mtaa huu peke yake, ili mteja akimlipa fundi cherehani, fundi akanunue mkate kwa mama wetu wa mikate, na mama akashonewe viatu na fundi viatu wetu, hela izunguke humu humu badala ya kukimbilia supamaketi ya barabara kuu. (Makofi, safari hii hata juani.)

Tangu niteuliwe, kamati imefanya semina, semina elekezi, na semina ya kutathmini semina elekezi, na takwimu zinaonyesha kwamba asilimia tisini ya wafanyabiashara wanaiunga mkono noti hii, na waliobaki hatukuwauliza. Hiyo ndiyo impakti!

(Mama wa mikate: "Mwenyekiti, na mikate yangu?")

Nakuja huko, mama. Kwa mujibu wa roudimapu, yaani ramani ya mradi, mama huyu ndiye paileti, yaani wa kujaribiwa kwanza: semina zote ametulisha yeye, bila kudai hela ya kawaida, akisubiri alipwe kwa noti ya mtaa. Mpigieni makofi.

("Makofi sikandi, baba! Unga umeisha. Kesho nisipowasha tanuri, wateja wangu wote wanahamia supamaketi, na hawarudi!")

Fidibaki yako imepokelewa, mama, na itaundiwa kamati ndogo.

Sasa, wapo wenye midomo wanaosema noti imechelewa. Haikuchelewa, iliboreshwa. Wajumbe walikubaliana iwe na sura ya mtu anayeaminika, wakatafuta mtaa mzima, na mwisho, shingo upande, nikakubali. Hapo ndipo kazi ilipoanza, maana ilibidi tuamue kama nitazame kulia au kushoto, nitabasamu au wananchi watadhani nawacheka, na makamu alipoona kwamba uso wangu unahitaji miwani ili uonekane wa kiuchumi, tukalazimika kununua miwani na kupiga picha zote upya, jambo ambalo liligusa kidogo bajeti ya uchapishaji.

(Fundi viatu: "Sema mmeila!")

Hatukuila, bwana fundi. Tumeiwekeza katika mwonekano.

("Tuonyeshe basi hiyo noti, mzee!")

Hii hapa! (Anainua picha yake ndani ya fremu, kubwa kama dirisha. Kicheko.) Ukubwa utapungua baada ya mashauriano ya kina na wadau, yaani mastekiholda. ("Pochi ya kuiingiza hiyo inauzwa wapi?") Nyuma ni nyeupe kwa sababu thamani bado inajadiliwa. (Mama wa mikate hacheki.)

Ndugu zangu, nikisema "Fedha ya mtaa," mnajibu "Kwa mtaa!" Fedha ya mtaa! (Kimya.) Tujaribu nyingine. Duka dogo! ("Njaa kubwa!") Siyo hivyo, jamani.

Kwa kumalizia, namshukuru mpiga picha, muuza miwani na fundi wa fremu, waliolipwa taslimu kwa hela ya kawaida kwa sababu za kiufundi. Nawashukuru wachapishaji wa noti, ambao nitawatafuta mara nikipata nafasi. Na kwa namna ya pekee naishukuru supamaketi ya barabara kuu, iliyotuokoa asubuhi hii kwa mikate ya chai ya wajumbe, baada ya mama yetu kuishiwa unga. Niliwaonyesha picha. Wakaisifu sana, wakaniomba hela ya kawaida.