Kwenda Mirihi Kupitia Stoo ya Shangazi

Jumatatu, tarehe 3 Machi

Nimechaguliwa kwenda Mirihi. Rasmi bado, ila ni suala la siku tu.

Tangazo limebandikwa leo ukutani hapa kwenye udobi wa Shangazi, juu ya kile kibao kinachosema nguo zikikaa miezi mitatu bila mwenyewe, tusiulizwe. Kalibandika Injinia kwa mkono wake, yule mama wa kituo cha anga anayetuletea makoti meupe kila wiki. Wanatafuta vijana wanne wafungiwe chumba kimoja siku kumi na nne, wajifanye wako safarini kwenda Mirihi, ili wataalamu waone watu wakikaa mbali na kwao wanageuka nini. Usaili Jumamosi. Kwenye fomu, mstari wa elimu umeandikwa "yoyote". Sijawahi kusoma neno tamu kama hilo. Mimi na shule tuliachana kidato cha pili, kwa heshima zote.

Shangazi kasema mtu asiyeweza kutulia mpaka suruali moja iishe kupigwa pasi, hizo siku kumi na nne atazitolea wapi. Kamusi naye hakukosa la kusema. Huyu ni binamu yangu, mtoto wa Shangazi, kamaliza kidato cha sita na tangu hapo hatujapumzika. Kasema kutoka Mirihi sauti yaweza kuchukua dakika kumi na mbili kufika Duniani, siku nyingine zaidi, kwa hiyo nikienda huko ujinga wangu angalau utakuwa unachelewa.

Nimecheka na wao. Lakini kuna kitu naandika hapa tu. Mlango ukifungwa nikiwa ndani, nashikwa na woga. Tangu utotoni. Hata chooni mimi huegesha.

Jumanne, tarehe 4 Machi

Dawa ya woga ni mazoezi. Nimejipatia roketi: stoo ya udobi. Haina dirisha. Kuna magunia ya sabuni, hanga zilizovunjika, na koki kuu ya maji ya jengo zima. Kamusi akawa Dunia, anakaa nje na ufunguo na saa. Sheria nimetunga mimi mwenyewe, kwa mdomo huu huu: neno likitoka kwangu au kwake, linasafiri dakika kumi na mbili. Kabla ya hapo halijafika, na lisilofika halijibiwi. Kamusi akauliza, hata la dharura? Nikamwambia mwanaanga hana dharura, ana taratibu. Nilivimba kidogo nilipolisema.

Saa tatu kamili kafunga. Saa tatu na dakika nne stoo ikawa imepungua. Ukuta umesogea, naapa. Nikabisha kistaarabu, nikasema Dunia, kwa leo inatosha. Nikarudia bila ustaarabu. Kisha nikamtukania mama yake, nikakumbuka ni shangazi yangu, nikaomba radhi hapo hapo. Nje nilikuwa nasikia Kamusi akifunua kurasa za gazeti, moja baada ya nyingine, bila haraka yoyote.

Maneno yangu yalitumia dakika kumi na mbili kwenda, na jibu lake kumi na mbili kurudi. Saa tatu na dakika ishirini na nane Kamusi akajibu kwa sauti ya mtangazaji wa redio: Mirihi, ujumbe wenu tumeupokea, tunafungua.

Nilitoka nikasema nilikuwa nampima yeye. Shati limelowa mpaka mfukoni.

Jumatano, tarehe 5 Machi

Kamusi kashatangaza. Fundi viatu wa jirani kaniuliza kama Mirihi kuna choo, au huko nako huegeshwa. Sijui nani kamwambia hilo la kuegesha. Sijala mchana.

Mbaya zaidi, Kamusi anasema sheria yangu niliivunja mwenyewe mara kumi na saba ndani ya nusu saa, kwa kudai jibu kabla ya muda. Ameandika kwenye karatasi, kila kelele na dakika yake. Injinia ataisoma.

Kwa hiyo nimeapa. Kesho saa mbili nzima ndani, na kila neno litakalonijia nitalihesabia dakika zake kumi na mbili, hata dari ikianguka. Nimeapa mbele ya Shangazi, ambaye hakuinua macho, alikuwa anatenganisha makoti ya Injinia. Makoti hayo hayachangamani na nguo ya mtu. Yana maji yake, yana kapu lake. Wanayavaa wanapounda setilaiti, na uzi mmoja ukidondokea ndani ya setilaiti hakuna wa kupanda kwenda kuutoa. Shangazi aliipigania kazi hii mwaka mzima. Kasema niende Mirihi, niende na mwezini nikitaka, ila kapu lile nisilisogelee. Nikamwambia asiwe na wasiwasi. Wasiwasi wote ninao mimi.

Alhamisi, tarehe 6 Machi

Karatasi imelowa pembeni, mwandiko utanisamehe.

Niliingia stoo saa nne kamili, nikajifungia, safari hii na ufunguo mfukoni, maana Kamusi simwamini tena. Ufunguo ulinisaidia. Niliushika tu, nikapumua, ukuta ukakaa mahali pake. Dakika kumi nzima mimi ni shujaa.

Saa nne na dakika kumi Shangazi akapiga kelele nje kwamba mpira wa mashine umechomoka, nifunge koki. Koki ilikuwa hapa, karibu na goti. Mkono ulienda wenyewe. Nikaurudisha. Nikajua ni mtego. Kamusi kampanga mama yake nivunje kiapo, aongeze mstari wa kumi na nane kwenye karatasi yake. Nikatazama saa.

Shangazi akaita tena. Kamusi akagonga mlango kwa ngumi, akaniita kwa jina nililopewa na marehemu babu, ambalo hulitumia kwenye misiba tu. Nikasema moyoni, jamaa anajua kuigiza. Maji yalipoanza kupita chini ya mlango nikasema hawa watu wamejitahidi kweli.

Saa nne na dakika ishirini na mbili, bila kukosea hata sekunde, nikafunga koki na kutangaza: Dunia, ujumbe umepokelewa, utekelezaji umekamilika. Nikafungua mlango.

Maji mpaka kwenye vifundo vya miguu. Beseni lililolowekwa mapazia mekundu ya hoteli limepinduka. Lile kapu limeelea mpaka katikati ya wekundu, likatua. Makoti sita yamekuwa na rangi ya ulimi. La saba limesalimika kwa sababu lilikuwa limetundikwa.

Shangazi aligeuza ndoo, akaikalia, akayatazama makoti. Heri angenigombeza.

Ijumaa, tarehe 7 Machi

Injinia kaja asubuhi. Nilikuwa nyuma ya mapazia ya hoteli, nayakagua. Nikamsikia Shangazi akimweleza yote, hakuficha hata tone. Injinia akauliza aliyekuwa ndani ni nani. Nikatoka, nikamwamkia, nikamweleza sheria yangu vizuri tu, pamoja na dakika.

Alinisikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema, mwanangu, ule ucheleweshaji una maana moja: huko ukipasukiwa na bomba, Dunia haina la kukusaidia. Ndiyo maana wanatafuta mtu ambaye mkono wake unafika kwenye koki kabla hajaitwa. Sauti ikichelewa, wewe usichelewe. Nikaitikia kwa kichwa kama mtu anayeelewa. Akasema pia usaili wangu nimeshaufanya, Jumamosi nisijisumbue.

Kamusi akampa ile karatasi. Injinia akaisoma yote, kelele kumi na saba, na midomo ilikuwa inamcheza. Akamwuliza Kamusi: ndiwe uliyemsikiliza mtu akilia dakika ishirini na nne bila kuvunja utaratibu? Wanahitaji kijana wa kukaa kwenye kiti cha Dunia. Aje kesho.

Kiti cha Dunia! Kwa sheria niliyotunga mimi.

Kwa Shangazi alisema machache. Makoti ya akiba wanayo, kwa hiyo kazi yao haitasimama. Lakini kesho saa tano atapita kuchukua lile la saba. Likiwa safi, limenyooka, halina uzi, wataendelea naye. La sivyo kuna dobi mwingine upande wa pili wa barabara. Shangazi aliitikia tu, akaondoa uchafu usiokuwepo kwenye mkono wa lile koti.

Jumamosi, tarehe 8 Machi

Kamusi kaondoka na tai. Namtakia mema, kwa mbali.

Shangazi yuko mbele anamtuliza mwenye mapazia. Amenipa kazi moja. Amenishika mabega yote mawili kunipa: koti la saba, pasi ya uvuguvugu, lipitie mara moja, usiondoke. Nimemwambia hata mtoto mchanga anaweza. Pasi nimeitegesha juu ya koti, ijizoeze na kitambaa wakati mimi naandika haya stooni. Mlango nimeegesha.

Nimefikiri sana. Injinia kasema kweli: kosa lilikuwa kwenye ucheleweshaji. Dakika kumi na mbili ni chache mno, mtu hapati nafasi ya kutulia akaamua. Mirihi iko karibu kupita kiasi. Nimekipekua kitabu cha zamani cha Kamusi: kutoka Mshtarii, sayari inayofuata baada ya Mirihi, sauti inachukua kama dakika arobaini. Arobaini! Huko mtu anatukanwa asubuhi, anaumia mchana. Siku wakitangaza safari ya Mshtarii, mimi nitakuwa nimeshaizoea. Ninaanza leo.

Shangazi ameniita sasa hivi, kwa lile jina la misibani. Ni saa nne na dakika ishirini. Sauti yake itanifikia saa tano kamili, Injinia akiwa anaingia, nami nitaitika mbele yake, atajionea mtu mtulivu.

Kuna harufu pia, kama ya plastiki. Hiyo nayo bado iko njiani.