Mwenye Kiwanja Namba Kumi na Saba

Siku Muhuri alipoliona lile tangazo kwenye ubao wa mahakama ya ardhi, alilisoma mara mbili. Serikali imetwaa kiwanja namba kumi na saba kwa ajili ya barabara. Fidia ipo tayari. Mmiliki: hajulikani.

"Sasa amejulikana," alijisemea.

Watu walimwita Muhuri kwa sababu hapakuwa na muhuri wa ofisi yoyote ambao asingekughushia kabla chai yako haijapoa. Kwa kipaji hicho angekuwa tajiri. Lakini wapi! Alilala kwenye kochi la dada yake, na shemeji alikuwa ameshamtangazia, mbele ya watoto, kwamba mwisho wa mwezi kochi linarudi kuwa la kukalia. Fidia ile ingempa nyumba. Akiikosa, ni barabarani.

Kwenye dirisha la masjala alimkuta karani, mama wa makamo, miwani imefungwa kwa kamba ya kiatu.

"Dada yangu, nisaidie. Kiwanja hiki ni changu. Nilikuwa safarini."

Karani alivua miwani, akamtazama kitambo. "Namba kumi na saba? Una hakika, kaka?"

"Hakika kabisa."

"Una karatasi?"

"Kesho ninazo."

"Basi leta na hati ya kiapo. Andika umekimiliki miaka mingi, jaji asije akakushuku. Watu wa ofisi ya ardhi watakuzungusha tu. Hapa jaji anaweza kuwaamuru wakutambue."

Hakuomba hata ya soda. Muhuri aliondoka akimhurumia: serikali nayo inaajiri watu laini mno.

Kesho yake hati ya mauziano ilikuwa tayari, imezeeshwa kwa chai ya rangi na kuanikwa juu ya bati. Katika kiapo aliandika miaka kumi na miwili. Kwenda kukiona kiwanja chenyewe hakwenda. Angekiona cha nini, nacho kinageuka lami?

Siku ya shauri mabenchi yalijaa watu. Muhuri alidhani wamekuja kumtazama yeye, msomi. Wakili wa serikali akasimama.

"Mheshimiwa, hatupingi. Mlalamikaji ndiye mmiliki."

Muhuri nusura amkumbatie.

"Ila tunakiri kosa letu. Mpima ardhi aliishika ramani kichwa chini. Barabara inapita upande wa pili kabisa. Kiwanja chake hatukihitaji."

Jaji hakupoteza muda. Akaufuta utwaaji, akaamuru kiwanja kirudishwe kwa mwenyewe na serikali imwombe radhi kwa maandishi.

"Umeshinda," akamwambia.

"Na fidia, mheshimiwa?"

"Fidia ya nini? Ardhi yako si unayo?"

Muhuri akajifariji kimyakimya: basi nitaiuza. Hapo yule karani wa masjala akaweka mezani faili jingine, nene kama tofali. Benchi zima nyuma ya Muhuri likasimama.

"Wakazi thelathini na mmoja," alisoma jaji, "dhidi ya mwenye kiwanja namba kumi na saba. Jalala la miaka kumi na miwili. Maji machafu, inzi, panya hadi vyumbani. Hukumu ilitoka mwaka juzi: mmiliki alisafishe kwa mkono wake au kwa gharama yake, ndani ya siku thelathini, na asikiuze kabla ya hapo. Alikuwa hajapatikana tu."

Muhuri aliutupia mlango jicho.

"Kama uliapa uongo, sema sasa," jaji aliendelea. "Askari yuko mlangoni, na kifungo chake si cha wiki mbili. Haya, kiwanja hiki ni chako?"

Muhuri alimtazama askari. Akalitazama faili.

"Ni changu, mheshimiwa," alisema, na kwa mara ya kwanza maishani aliomba asiaminiwe.

Aliaminiwa.

Alitoka na nakala ya amri kwapani, ana ardhi yake mwenyewe na hana pa kulaza ubavu. Karani akamfuata hadi kwenye ngazi.

"Karibu mtaani, jirani. Jalala linapakana na jiko langu."

"Mbona hukuniambia?"

"Nimwambie nini mwenye mali? Tumekutafuta miaka yote hiyo!" Alivaa miwani yake vizuri. "Kesho saa kumi na mbili asubuhi anzia upande wangu. Koleo nitakuazima. Ila kitambulisho uniachie."