Foleni Mbele ya Mlango wa Bati

Jumatatu, 6 Oktoba

Balaa. Mkutano wa wenye maduka umeamua kwamba kuanzia mwezi ujao ataruhusiwa mtu mmoja tu kutembeza wageni wa kula-kula katika mtaa wetu. Mmoja! Sasa hivi tuko wawili: mimi, Ikushima Kanji, na yule Bi Nagatomo Sumire mwenye kibendera cha njano. Mwenyekiti Hatanaka, muuza achari, atatuangalia Jumamosi tukiwa kazini. Jumapili atatangaza jina.

Chanzo cha yote ni kijiti. Kuna mgeni alikula mishikaki ya kukaanga huku anatembea, jambo ambalo mtaani kwetu linakaribia kuvua suruali. Kisha akakitupa kijiti, na mchuzi wake, ndani ya kikapu cha baiskeli ya mke wa Mwenyekiti. Mkutanoni wakauliza alikuwa mgeni wa nani. Nikatazama dari. Bi Nagatomo akanitazama mimi. Mwanamke hana haya.

Dada Fusae, ambaye naishi juu ya duka lake la dobi, amesema nikikosa nafasi hii ni Wakayama moja kwa moja, huko mashambani, nikachume machenza kwa shemeji yake. Shemeji ameshaninunulia mabuti. Mguu wangu aliukisia tu na amepatia. Mimi Osaka nimezaliwa, mtaa huu huu, na sijawahi kulala zaidi ya siku tatu nje yake. Nikiondoka, nani atajua kwamba nilikuwepo? Naogopa, na machenza yananitoa upele.

Lazima ipatikane mbinu.

Jumanne, 7 Oktoba

Nimejipenyeza kwenye ziara ya Bi Nagatomo. Barakoa, kofia, miwani ya dada. Hakuna aliyenitambua kwa muda mrefu kabisa, yaani mpaka kona ya kwanza. Hapo Bi Nagatomo, bila hata kugeuka, akasema Bwana Ikushima tafadhali asogee kidogo, baiskeli inapita. Kisha akanikabidhi mfuko wa taka wa kundi zima. Niliubeba hadi mwisho. Ningefanyaje? Wageni walinishukuru.

Huyu mama zamani alikuwa mhudumu kwenye mabasi ya watalii, wale wa glavu nyeupe wanaoimba njia nzima. Basi aliliacha, glavu hajazivua mpaka leo. Wageni wake wanakula wamesimama kando ya kibanda, kimya, kama wako msibani, na kila kijiti kinaingia mfukoni. Wenye maduka wanamwinamia kabla hajafika. Mimi nikipita wanainama pia, lakini ni kutafuta kitu chini ya meza.

Hata hivyo sikurudi mikono mitupu. Tulipopita kibanda kimoja kitupu nilimsikia mama mmoja kutoka Nagoya akimnong'oneza mwenzake huku anamvuta mkono. "Shoga, twende zetu, hapo hakuna foleni. Mtu utakulaje mahali ambapo hakuna aliyesimama?"

Kichwa kikaniwaka pale pale. Ndiyo maana wageni wangu wananyong'onyea! Ninakowapeleka hakuna foleni. Na watu wetu nawajua: mmoja akiona watatu wamejipanga, anakuwa wa nne kwanza, mengine baadaye. Sihitaji chakula kizuri. Nahitaji foleni.

Alhamisi, 9 Oktoba

Jaribio la kwanza. Niliwaomba wazee ninaooga nao kwenye bafu la mtaa wajipange mbele ya kibanda cha Bi Okazawa, muuza vitumbua vya pweza. Vitumbua vyenyewe, niseme ukweli kwa kuwa hapa najisomea mwenyewe, ndani ni uji, na pweza ni wa kutafuta kwa tochi.

Kuna jambo dogo nililisahau. Sikuwaambia wanunue. Kila mzee akifika dirishani anainama, anasema hapana asante, anazunguka kujipanga tena nyuma. Bi Okazawa alivumilia mzunguko wa kwanza. Wa pili akauliza kama wamekuja kumcheka. Mmoja wao, Mzee Minegishi, akamjibu kwa upole kwamba wao wamepewa kazi ya kusimama tu, habari za kula hawakuambiwa. Bi Okazawa akatoka na ile sindano ndefu ya kugeuzia vitumbua. Sikujua kwamba Mzee Minegishi bado anakimbia.

Mimi nimeambiwa nimemtilia mama wa watu mchanga kitumbua chake na nisikanyage tena pale. Kwa hiyo kibanda kimoja kimetoka kwenye ziara yangu. Vimebaki viwili, na kimoja ni mashine ya soda.

Lakini! Kabla ya sindano, watu nisiowajua kabisa walikuwa wameshajiunga. Foleni ilifanya kazi. Aliyeharibu ni muuzaji. Dawa basi ni foleni isiyo na muuzaji.

Na duka nimelipata. Kwa Mzee Tsurumi, aliyekuwa akioka maandazi ya umbo la samaki, maharage matamu tumboni. Mlango wa bati umeshushwa tangu mkewe afariki. Mwenyewe anaishi juu na haongei na mtu. Jumamosi wageni wangu watajipanga hapo. Chakula hakipo, kwa hiyo vijiti havipo. Hakuna wa kula huku anatembea. Mwenyekiti atapita, ataona utulivu ambao Bi Nagatomo hajawahi kuuota. Kisha nitatangaza kwamba maandazi yameisha. Kwetu sisi kitu kilichoisha kinaheshimiwa kuliko kilichopo.

Nimeupitia mpango mara kadhaa. Sioni kasoro.

Jumamosi, 11 Oktoba

Naandika mikono ikiwa inanata.

Asubuhi niliwapanga wageni wangu, mume na mke kutoka Sendai na akina mama watatu marafiki kutoka Niigata, mbele ya mlango wa bati. Nikawaambia hapa ni mahali wanapopajua wenyeji tu. Hakuna aliyeuliza panauzwa nini. Kuuliza ni kujianika ushamba. Sijamaliza hata kusafisha koo, mama mwenye kapu la vitunguu akasimama nyuma yao. Kisha mtu wa posta. Kisha familia nzima na bibi yao. Nikasikia mmoja akinong'ona kwamba hawa huuza mara moja tu kwa mwaka. Mwenzake akasema anajua, yeye mwaka jana alikuwepo, na mwaka jana yalikuwa matamu zaidi.

Foleni ikalipita duka la tofu. Ikaupita mlango wa daktari wa meno. Ikapinda kona. Halafu, jamani, kibendera cha njano! Wageni wa Bi Nagatomo wakaiona, wakapunguza mwendo, wakamponyoka mmoja mmoja wakaja kujipanga kwangu. Akabaki na kibendera chake. Raha niliyoipata sitaificha. Haikudumu. Alivuta glavu zikakaa sawa, akaanza kuinyoosha foleni yangu. Akaacha upenyo kwa daktari wa meno. Akawatafutia wazee viti. Kibendera akampa mtu wa mwisho akishike, ili wanaokuja wajue mkia uko wapi, na kila anayefika akawa anakipokea. Foleni yangu! Sikumwomba.

Mara Mwenyekiti huyu hapa, na mkewe. Nikajiandaa kutangaza kwamba yameisha. Akanishika mkono. Macho yalikuwa yamelowa. Akauliza ni kweli Tsurumi anafungua? Wamembembeleza miaka yote hii, hata salamu haitikii. Ni nani amemweza?

Nikasema mimi.

Sijui kwa nini. Mdomo ulitangulia. Mwenyekiti akaniinamia sana, kisha akaenda na mkewe kujipanga nyuma kabisa, kama watu wote.

Nikaingia kwa mlango wa nyuma. Mzee Tsurumi alikuwa akitazama mbio za farasi kwenye televisheni. Nikapiga magoti, paji la uso kwenye mkeka, nikaeleza yote. Akasema hana unga, hana maharage, vyuma vyake vya kuokea vimeshika kutu, na mimi ni mjinga tangu shule ya msingi. Akaongeza kwamba baba yangu naye alikuwa hivi hivi. Nikamsihi achungulie dirishani, basi, achungulie tu.

Akachungulia. Akabaki dirishani mpaka farasi wakafika mwisho. Akauliza watu wote wale wanasubiri nini. Nikasema wanamsubiri yeye. Ilikuwa kauli yangu ya kwanza ya kweli kwa siku ya leo, na hata hiyo ilinitoka kwa bahati mbaya.

Akauliza yule wa glavu ni nani. Nikamtajia. Akasema huyo anaijua kazi yake. Halafu akaenda kuchana nywele.

"Sasa wewe unanikodolea macho ya nini?" akasema. "Unga! Maharage! Kimbia!"

Nikakimbia. Maharage matamu yaliyokwisha kupikwa nilimpokonya muuza keki za mchele, karibu kwa nguvu. Unga nikautoa jikoni kwa dada, ambaye alipiga kelele mpaka nikapotea kona. Nikarudi nikasugua vyuma hadi kucha zikakatika. Foleni ilisubiri. Hakuna aliyelalamika, hakuna aliyeondoka. Jua lilihama upande mmoja wa mtaa likaenda wa pili. Mlango wa bati ulipopandishwa ulilia vibaya sana, na watu wakapiga makofi.

Samaki wa kwanza walitoka bila mikia. Waliofuata walikuwa samaki. Mke wa Mwenyekiti alipofikiwa aling'ata kichwa, akafumba macho, akasema ni yale yale ya siku zote. Mzee Tsurumi akageukia ukutani, mabega yanatikisika. Mimi nililia wazi wazi mbele ya watu, nikiwa na maharage kwenye nyusi. Nilikuwa nimefurahi kuliko ninavyokumbuka.

Nimeshinda. Hapa hata hakuna cha kujadili.

Jumapili, 12 Oktoba

Ametangazwa Bi Nagatomo.

Mimi nilishainuka kabla jina halijaisha kutajwa, nikainama, nikapiga hatua kuelekea mbele. Ikabidi nigeuze safari, nikajifanya naenda kufunga dirisha. Lilikuwa limefungwa. Nikalifungua.

Mwenyekiti alieleza sababu. Ni nani aliyeilinda njia ya wagonjwa wa meno? Ni nani aliyeokota kila karatasi mpaka mtaa ukawa safi kuliko kabla? Makofi. Kisha Bi Nagatomo akasimama, akasema kwa ile sauti yake ya kwenye basi kwamba foleni ilikuwa wazo la Bwana Ikushima na ni lazima hilo lisemwe. Ananidhalilisha hadharani, tena kwa wema!

Nikaanza kuyafikiria machenza. Nilitazama nyuso za watu niliowajua tangu utotoni, nikaona wengi wanatazama viatu vyao.

Hapo Mzee Tsurumi, ambaye hakuwa amekanyaga mkutanoni tangu afiwe na mkewe, akakohoa. Akasema anafungua tena duka. Ila mikono imechoka, anataka mtu wa kukoroga maharage na kusugua vyuma. Mwenyekiti akamwuliza kama ana mtu akilini. Akasema apewe yule mjinga anayekimbia.

Wote wakanigeukia. Hakuna aliyeuliza ni yupi.

Dada Fusae alilia. Akapiga simu Wakayama papo hapo, kabla Mzee Tsurumi hajabadili mawazo. Anasema shemeji ameipokea habari vizuri, ameshukuru zaidi ya ilivyohitajika.

Sitahama. Naandika tena: sitahama. Baada ya mkutano niliutembea mtaa wote mpaka mwisho na kurudi, bila mgeni, bila sababu. Hata Bi Okazawa alinisalimia, ingawa sindano ilikuwa mkononi. Nimejiapiza. Mbinu basi. Mimi sasa ni mtu wa kazi.

Jumatatu, 13 Oktoba

Siku ya kwanza. Mzee Tsurumi ana sharti moja tu: maharage yakiwa motoni mtu asiyaache, akoroge bila kusimama, na siku nitakayoyaunguza ndiyo siku nitakayofukuzwa. Ni rahisi mno. Ameniachia mwiko, akapanda juu kumwashia marehemu mkewe ubani.

Nimechungulia nje. Foleni imeshafika kwa daktari wa meno. Bi Nagatomo yuko pale na glavu zake. Ila nimeona kitu ambacho yeye, kwa uzoefu wake wote, hajakiona. Watu wamesimama hawana la kufanya! Wanatazama visogo vya wenzao. Njaa wanayo, muda wanao, na hakuna anayewaambia chochote.

Mkutano umekataza mtu mwingine yeyote kutembeza wageni. Sawa, nimekubali. Lakini kwani hawa wanatembea? Hawa wamesimama. Ziara ya kusimama! Mgeni hatoki alipo. Mimi ndiye napita mbele yake na sinia la katlesi na vipande vya achari, namweleza mtaa mzima, yeye hainui hata mguu. Mwenyekiti atakosa pa kunishika. Achari yenyewe itakuwa yake.

Nimeweka mwiko pembeni kidogo ili nichore ramani. Ramani ya ziara isiyoenda popote ni ngumu kuliko mtu anavyodhani. Nimeianza upya mara kadhaa. Tayari nimechora mahali pa kusimama mimi, mahali pa sinia, na mahali pa Bi Nagatomo, mbali.

Kuna harufu ya kitu kinaungua. Itakuwa ni muuza samaki wa jirani. Watu wengine wanapewa kazi nzuri kabisa, hawajui kuishika.