Jeneza Nisiloliagiza

Jumatatu, 6 Oktoba
Nimeibiwa! Na aliyeniibia ana roho ngumu, maana kaninunulia jeneza.

Leo nilikuwa nyuma ya madebe ya rangi pale stoo. Kazi yangu ni kuyahesabu, lakini madebe hayana miguu, yatanisubiri. Nikafungua taarifa ya akaunti kwenye simu. Umeme, maji, sabuni, halafu mstari huu: PUMZIKO JEMA, MAJENEZA NA SAMANI. Wiki iliyopita, kwa kadi yangu! Mimi mzima wa afya, ukiacha mgongo.

Akaunti ni ya pamoja, mimi na mke wangu. Anafundisha shule ya msingi, basi mtaa mzima unamwita Mwalimu, na mimi pia. Humo ndimo ilimo ada yake ya diploma, aliyoidunduliza kwa kujinyima. Mwisho wa kulipa ni Ijumaa hii. Asipolipa, nafasi anapewa mwingine. Kwa hiyo tuliapa pesa ile haiguswi.

Sawa, niliigusa kidogo. Suti. Mkuu wa stoo anastaafu, usaili wa nafasi yake ni Alhamisi, na mshindani wangu ni Miwani wa mauzo, mtu anayenisahihisha hesabu mbele za watu. Ningemwendea na shati lenye madoa? Mwalimu nilimwambia suti ni zawadi ya ofisi. Na bahati ilivyo yangu, duka la suti halimo kabisa kwenye taarifa. Wamesahau kunikata! Nimecheka peke yangu mpaka mlinzi akaja kuchungulia.

Ajabu moja tu: bei ya jeneza na bei ya suti zinalingana hadi senti. Dunia ina mambo.

Jumanne, 7 Oktoba
Mwizi nimemjua. Shemeji! Mdogo wake Mwalimu, alikuja kukaa wiki moja, sasa sofa letu limeshachukua umbo lake.

Asubuhi nimemfuma chumbani kwetu na futi kamba, anapima kitanda. Upande wangu! Nikamuuliza anatafuta nini. Akasema aa, anaangalia tu. Halafu, kwa upole wa kutisha, akaniuliza nina urefu gani. Nikamjibu kuwa urefu wangu ni jambo la familia. Akasema kwani yeye si familia?

Nimemtegea mtego. Nimepaka ukingo wa kadi rangi ya bluu ya stoo, ile isiyotoka, nikaiacha mezani pembeni ya redio. Atakayeishika atajulikana.

Jumatano, 8 Oktoba
Asubuhi nikaichukua kadi mbiombio, nikakimbilia benki. Nilikumbuka mtego nikiwa kwenye foleni. Vidole vitatu bluu, na sikio, maana lilikuwa linaniwasha.

Dada wa dirishani ni mpole. Akauliza kama nina hakika, maana kuna maduka ambayo malipo yake huja kwa jina jingine, labda nilinunua kitu mahali fulani nikasahau. Nikamuuliza, dada yangu, mtu hununua jeneza akasahau? Akakubali kwamba hapo nina hoja. Akanieleza kuwa nikiweka sahihi kwenye malalamiko, kadi inafungwa, na akaunti nzima inazuiwa mpaka uchunguzi uishe. Nikamwambia zuia! Tia na kufuli! Watu wa foleni walinitazama kwa heshima. Labda ni sikio.

Nilifika hadi mlango wa stoo ndipo nikakumbuka ada.

Jioni Mwalimu alijaribu kulipa kwa simu. Ikagoma. Akajaribu tena, ikagoma. Nikasema ni mtandao. Akasema mbona mtandao wa jirani unacheza muziki tangu saa kumi? Nikaona bora niseme ukweli, yaani ule wa Shemeji. Nikaumwaga wote mezani: jeneza, futi kamba, urefu wangu.

Shemeji hakubisha. Aliweka kijiko chini, akaenda kukunja nguo zake. Hapo Mwalimu akasimama. Alisema ndugu yake hajawahi kuchukua hata kiberiti cha mtu, na akitoka kwenye nyumba hii kwa jina la mwizi, basi wanatoka wawili. Kesho nilete ushahidi au nipige magoti.

Sikutegemea kuwa anaweza kuongea taratibu namna ile. Nimeogopa, nakiri.

Alhamisi, 9 Oktoba
Usaili. Suti imekaa vizuri ajabu. Mikono nikaificha mfukoni. Mkuu aliniuliza kuna madebe mangapi stoo. Nikasema mengi. Akaniomba nitoe mikono mfukoni. Sitaki kuandika zaidi.

Nikatoka pale moja kwa moja kwenda Pumziko Jema. Kumbe ni mlango wa pili kutoka duka la suti! Fundi wa majeneza aliponiona nimevaa nadhifu vile na uso umenishuka, akanipa pole na msiba, akaniuliza marehemu ni mrefu au wa wastani. Nikamwambia marehemu ni mimi. Akaniletea kigoda.

Nilipomweleza, akacheka mpaka akaegemea mbao. Akamwita muuza suti. Yule jamaa akaja na pini mdomoni, akanitambua mara moja. Alisema mtaa ule mashine ya kadi inayofanya kazi ni ya fundi tu. Mteja akiwa na kadi, wote hukimbilia kwake, na Jumamosi wanagawana haki yao. Hata kinyozi wa ng'ambo ya barabara hulipisha hapohapo, na watu wananyolewa kwa jina la jeneza na bado wanadunda. Tena alinieleza siku ile kabla hajatoka na kadi. Mimi nikaitikia ndiyo, ndiyo, huku nageuka geuka kwenye kioo.

Kwa hiyo duka halikusahau kunikata. Nimeumia sana. Ile ilikuwa bahati yangu ya kwanza mwaka huu.

Ijumaa, 10 Oktoba
Jana usiku nilimwomba Mwalimu siku moja zaidi ya kuleta ushahidi. Mpango wangu ulikuwa safi: nifute malalamiko kimyakimya, akaunti ifunguke, Mwalimu alipe, yaishe. Dada wa benki akasema akaunti ni ya pamoja, lazima mwenzangu awepo.

Mwalimu akaja, na Shemeji nyuma yake na begi lake. Dada wa benki, kwa sauti ya kusomea watoto hadithi, akasoma kwamba mteja amekiri malipo yale ni ya suti aliyoinunua mwenyewe. Mwalimu akanitazama kuanzia kola hadi pindo. Nilikuwa nimeivaa. Nguo nyingine zote zilikuwa chafu.

Akauliza akaunti itafunguka lini. Jumatatu. Akauliza kama hakuna njia nyingine. Hakuna. Basi akalia, palepale kwenye viti vya plastiki, bila kujificha. Sijawahi kujiona wa ovyo kiasi kile. Nilitaka kumshika bega, akalisogeza.

Shemeji akafungua begi, akatoa bahasha chini ya soksi. Kumbe mchana kutwa huwa anatengeneza madawati kwenye karakana, na alikuwa anaweka akiba apange chumba chake. Na futi kamba? Anamtengenezea dada yake meza ya kusomea. Itakaa chumbani, basi alitaka kujua kitanda kikisogezwa ukutani, miguu yangu itaigonga au la. Walikuwa wamepanga iwe siri mpaka ada ilipwe. Wakatoka mbio kwenda chuoni na bahasha. Hawakunisubiri.

Wamewahi. Jina la Mwalimu limeingia.

Nafasi ya mkuu wa stoo kapewa Miwani. Alikwenda na shati lenye doa.

Jumapili, 12 Oktoba
Nimempigia Shemeji magoti. Muuza suti kakataa kuipokea suti kwa sababu ya bluu mfukoni, kwa hiyo nimeyapiga nikiwa nimeivaa. Shemeji akaniinua, akasema yameisha, ndugu hawahesabiani. Mwalimu akatabasamu kwa mara ya kwanza tangu Jumatano. Meza imeingia chumbani. Usiku miguu yangu inaigonga, nanyamaza.

Akaunti ikifunguka Mwalimu atamrudishia pesa yake, na pengo la suti nimeahidi kulijaza kidogo kidogo. Naye Shemeji kahamishia begi lake sofani tena. Nimekuwa mtu mpya.

Jumatatu, 13 Oktoba
Nimekwenda benki kuchukua kadi. Nikiwa njiani nikawa nawaza tu, kama mtu mzima anavyowaza. Shemeji ni mwema. Mwema kupita kiasi. Madawati mangapi hayo, mpaka bahasha iwe nene vile? Na kwa nini chini ya soksi?

Nikainama dirishani, nikamuuliza yule dada kwa sauti ya chini utaratibu ukoje iwapo mteja anamshuku ndugu wa karibu, mathalani anayelala sofani.

Akafunga dirisha. Saa tatu na nusu asubuhi! Huduma za benki siku hizi zimeshuka mno. Nimeomba fomu ya malalamiko.