Jinsi Marcienne wa Uvira Alivyoivisha Maharage Mbele ya Joka la Mahari

Sogeeni, enyi watu wa Ngarama na Rugaaga! Telemkeni, enyi wachungaji wa Endiinzi, na ng'ombe waacheni wanywe maji peke yao leo! Nanyi wa Mbarara, mnaodhani mambo makuu hutokea mjini tu, zimeni simu mnisikilize, kwa maana nasimulia vita visivyomwaga damu ila mchuzi. Nasimulia habari za Marcienne wa Uvira, Mama Divine, mwenye mwiko mrefu, aliyepika sufuria moja ya maharage hapa katika kambi ya wakimbizi ya Nakivale.

Mnacheka. Haya, chekeni sasa, maana huko mbele mtanyamaza.

Binti yake Divine alikuwa amechumbiwa na Audace, kijana Mrundi mwenye duka la sabuni Mbarara, na siku ile wakwe walikuwa wanakuja kula chakula cha kufunga maneno. Jana yake walikuwa wametanguliza mnyama wa mahari. Zamani angekuwa ng'ombe, lakini tangu majoka ya saa yalipoanza kuzaliana katika gereji za Mbarara, familia yenye hadhi hutoa joka. Hili lilikuwa jike, kimo cha mbuzi, mgongo wa mabati, shingo ya mnyororo wa pikipiki, na tumboni magurudumu ya meno yaliyozunguka yakinong'ona. Lilikula makaa ya moto. Na kama kabila lake zima, lilikuwa na mamlaka juu ya wakati, ingawa mamlaka hayo yalikoma kwenye ua wa nyumba lilipolala, kwa hiyo serikali haikuona sababu ya kujisumbua.

Alfajiri Marcienne aliyapanga mafiga yake kama jemadari apangavyo vikosi, akatia maji, akatia maharage, akatia na sala. Ndani, ukutani, saa ya marehemu mumewe Grégoire ilikwenda taratibu; kwa jirani redio ilipiga kelele. Maharage yakachemka, yakatoa povu, yakaanza kulegea. Redio ikatangaza saa. Papo hapo joka likainua kichwa, likapiga mwayo, likameza kitu ambacho hakuna aliyekiona, na maharage yakawa makavu na magumu kama yalivyotoka guniani. Hata kuni zilizoungua zilirudi nzima, jambo ambalo siku nyingine lingemfurahisha sana.

"Mungu wangu! Divine, kuya uone! Maharagi imerudia mabichi!"

"Maman, labda moto ni kidogo."

"Moto ni mingi! Hii ni vita!"

Na vita vikawa. Akachochea tena, na kila redio ilipotangaza saa, joka likameza, na maharage yakarudi ukavuni. Jua lilipanda, jasho likamtoka shujaa, mwiko ukanyanyuliwa mara nyingi juu ya kichwa kile cha bati na mara zote ukashushwa bila kupiga. Angefanyaje? Kumfukuza mnyama wa mahari ni kuikataa ndoa mbele ya mashahidi. Kuwaacha wakwe waondoke na njaa ni kuikataa mara ya pili. Na Divine alimpenda Audace kiasi cha kuimba akiosha masufuria.

Basi Marcienne akasimama mbele ya adui, akajifunga kitenge, akahutubia.

"Weye joka, sikia vizuri! Nilivuka muto Ruzizi na huyu mutoto ku mugongo. Masasi ilipita huku na huku, sikulala chini. Sasa nitakuogopa weye, mutoto wa gereji? Acha maharagi yangu ikuwe maharagi!"

Joka lilisikiliza kwa adabu hadi mwisho. Redio ikatangaza saa sita, nalo likameza.

Wakwe walifika saa saba ikikaribia. Mbele alitembea Ancilla, shangazi wa Audace, mwanamke aliyeogopwa kuanzia Mbarara hadi hapa kwa ulimi wake na kwa kuchelewa kwake. Nyuma yake Audace mwenyewe, kisha Natanaeli, fundi wa majoka. Ancilla aliingia uani akatoa salamu ndefu yenye majina ya mababu wote. Alipofika kwenye amina, redio ikatangaza saa saba. Joka likapiga mwayo. Na kwa kuwa saa moja nyuma Ancilla alikuwa bado Mbarara, na nguvu za joka hazikufika huko, likamtupa langoni tu, nje, midomo imefungwa, kana kwamba hajasema neno.

"Mama Divine!" alinguruma kutoka nje. "Nimesalimia nikamaliza, sasa niko barabarani! Munatukataa?"

Divine akaanza kulia. Moyo wa mama yake ukapasuka.

Natanaeli akaingia uani, akapiga magoti, akatega sikio kwenye tumbo la joka, kisha akanyoosha kidole ndani ya nyumba.

"Mama, hii joka iko muzima kabisa. Ni nyumba yako iko na saa mbili. Redio nasema saba, ukuta nasema sita. Yeye napata ile saa moja ya katikati, nakula. Sogeza saa yako tu, ni kazi kidogo."

Kazi kidogo! Sikieni maneno ya mtu asiyejua. Saa ile Grégoire aliibeba kutoka Uvira ikiwa imefungwa katika shuka, na tangu hapo mshale wake ulibaki kwenye saa ya kwao, ambayo iko saa moja nyuma ya saa ya Uganda. Kila Marcienne alipoitazama alijua sasa hivi Uvira wanatoka kanisani, sasa hivi wanaanika ndagala, dagaa wa ziwa lao.

"Miye siwezi," alisema polepole. "Nikiisogeza, njo nimekubali sitarudia Uvira."

Hapo, wasikilizaji, hata magurudumu ya joka yalipunguza mwendo. Ancilla aliingia tena, akapandisha mkono wa gauni lake. Saa yake ilisema saa sita.

"Ni ya Bujumbura," alisema. "Wanasema nachelewa kwa kiburi. Sikuwahi kuisogeza, dada. Tusogeze pamoja."

Ndipo Marcienne akapanda kigoda, naam, kigoda chenye mguu uliolegea, akaifikia ile saa, akashika kidude cha kuzungushia mshale kwa vidole vilivyonuka moshi. Chini yake Ancilla alishika kile cha saa yake ya mkononi. Wakazungusha. Machozi yakawatoka wote wawili, wala hawakuyaficha.

Joka likatazama ukuta, likasikiliza redio, likakosa cha kula. Likacheua. Saa zote lilizozimeza tangu asubuhi zikatoka kwa pamoja: kuni zikawa majivu, salamu ya Ancilla ikasikika angani na mababu wake wote, na maharage yakaiva, tena yakaungua kidogo chini.

Ancilla akaonja.

"Chumvi imepungua," akasema, akanyoosha sahani aongezewe.

"Tumekula saa ngapi?" Audace aliuliza, apate kuwasimulia wa Mbarara.

Marcienne aliutazama ukuta.

"Saa saba na nusu," akajibu. "Ya hapa."

Basi, andikeni, enyi mnaoandika habari za mashujaa: kwa mara ya kwanza tangu Uvira, chakula kilikuwa tayari kwa wakati.