Faili Lisilo na Kazi

Jumatatu, 9 Juni 2025

Wateja kumi na mmoja leo! Msimu wa ritani za ushuru ndio msimu wangu. Rongai nzima haijui nywila zake. Mimi ninazijua. Zote mia nne na sita nimezifungia ndani ya programu moja ya kutunza nywila, na ufunguo wake uko kichwani mwangu. Kila niliyemfungulia akaunti nilimwambia kuandika nywila kwenye karatasi ni hatari. Mwenye karatasi harudi.

Mwalimu Naftaly, mstaafu, alikuja kutazama hati yake ya pensheni. Huja kila mwezi, hukaa kwenye kiti cha wageni, hunywa chai yangu. Hakuna mwingine anayeketi hapa tangu mke wangu Cate aende kwa dada yake Eldoret kwa wiki mbili. Huu ni mwaka wa tatu.

Ng'ambo ya barabara, Nabalayo ameweka bango la taa kwenye cyber yake, duka la intaneti kama langu. Majivuno! Kompyuta zake ni mpya, yangu imejaa hadi shingoni. Kesho naisafisha. Atanitambua.

Jumanne, 10 Juni

Nimesafisha. Mafaili mengi mavivu: hayana picha, ukiyabofya hayafunguki, yamekaa tu miaka. Moja lilikuwa kwenye folda iliyoandikwa kwa Kizungu kwamba ni ya pamoja. Pamoja na nani? Mimi niko peke yangu hapa. Nikalifuta. Nikamwaga na pipa la taka.

Mashine inakimbia. Nimejipongeza kwa chapati mbili.

Jumatano, 11 Juni

Programu ya nywila haifunguki! Inasema faili fulani la maktaba halipo. Jina ni lile lile la faili nililofuta jana. Hata programu ya picha za pasipoti imegoma, nayo inamtaja marehemu huyo huyo. Kumbe mvivu yule alikuwa akizifanyia kazi zote mbili.

Hila ya kwanza: nilichukua wimbo wa kwaya wenye ukubwa unaokaribiana, nikaupa jina la marehemu. Programu haikudanganyika. Hila ya pili: nikaingia tovuti inayogawa mafaili bure. Ikaniambia kuna wanawake wapweke karibu na Rongai. Nilisoma mpaka mwisho. Hakuna hata mmoja wa Rongai.

Wateja saba. Nikawaambia mtandao uko chini. Jepleting, anayeuza mahindi sokoni, akatazama simu yake, akasema, "Boss, mbona kwangu iko sawa?" Akavuka barabara. Wale sita wakamfuata.

Alhamisi, 12 Juni

Nabalayo anawatengenezea nywila mpya. Nambari inaingia kwenye simu ya mtu, dakika mbili, kwisha. Halafu anawaambia waandike kwenye karatasi!

Mwalimu Naftaly alikuja kufanyiwa ritani. Nikamwomba arudi kesho, nikamimina chai. Akasema acha ajaribu kwa huyo mama, atarudi sasa hivi. Nikafunika kikombe chake kwa kisahani. Saa tisa nikamwona akitoka, anakunja karatasi, anaitia mfukoni mwa shati. Akaelekea stendi bila kutazama upande huu.

Nimeinywa chai yake, baridi. Nilidhani anakuja kwa ajili yangu. Imeniuma sana.

Ijumaa, 13 Juni

Nilivuka nikijifanya nanunua kalamu. Nilitaka tu kumpeleleza. Nabalayo akaniuliza mashine yangu ina nini. Nikakiri, nusu.

Akaja na flash! Anatumia programu kama yangu, toleo lile lile, kwa hivyo faili analo. Alicheka mpaka akashika meza. "Boss Kiptanui, hii file si ya mtu mmoja. Programu zinaitumia pamoja. Ukitoa, zote zinalala." Akalirudisha kwa dakika tatu.

Kisha mvua ikashuka. Akaketi kwenye kiti cha wageni. Vikombe viwili! Kwao ni Kimilili. Hapa Rongai hajui mtu, akifunga duka anakula peke yake akitazama malori. Nikamwambia hata mimi. Dakika arobaini na tano.

Alipoondoka nikajaribu nywila. Ya Jepleting imekataa, ya Mwalimu imekataa. Walio kwa Nabalayo wote wamebadilisha. Alikuwa amenishauri: kila mtu apewe nywila yake kwenye karatasi, niweke nakala ya lile faili, na nisifute nisichokijua. Nimeandika yote haya. Ushauri safi kabisa.

Jumamosi, 14 Juni

Jua kali. Kiti kitupu. Saa mbili nilimpungia Nabalayo mkono. Akanipungia, akaendelea na wateja wake. Saa tatu nikapunga tena. Hakuona.

Saa nne nimelifuta lile faili. Nimemwaga na pipa la taka. Nakala sikuweka. Vikombe viwili nimeviosha, maji ya chai yako motoni, na sasa navuka kumwambia limepotea lenyewe.